Sauti ya Kalekye, Wimbo wa Sita

Doha, 9 Februari 2025

Baba mpendwa,

Habari za Kariobangi? Goti limepungua maumivu? Mimi mzima, kazi ya kufua hapa hotelini ni ileile.

Yule mwanamuziki Javan Luseno ametoa albamu ya nyimbo zake za miaka arobaini, tangu alipokuwa na gita moja hadi sasa sauti yake inakwaruza. Nimenunua ile yenye sauti kamili, haijabanwa hata kidogo. Baba, unasikia vidole vikiteleza kwenye nyuzi! Katika wimbo wa sita kuna mwanamke nyuma yake. Anavuta pumzi, anacheka kidogo, ndipo anaingia kwenye kiitikio. Kile ni kicheko cha Mama. Mbona uliniambia Mama hakupenda kuimba? Nimekutumia wimbo wenyewe.

Mwanao,
Mukai

Kariobangi, 2 Machi 2025

Mukai mwanangu,

Nashukuru u mzima. Goti linanisumbua kwenye ngazi tu.

Nimesikiliza kwa zile spika nilizounda mwenyewe. Kwenye kaseti yetu ya zamani hicho kicheko hakikusikika, kilimezwa na mvumo. Ni yeye, akiwa na miaka ishirini na miwili. Aliimba kwenye bendi ya Luseno, naye Luseno alitaka bendi nzima iende Kisumu, waimbe miezi mitatu. Nikamwambia mama yako, "Ukienda, usirudi hapa." Akabaki. Hakuimba tena, hata jikoni. Nimekudanganya miaka yote hii, hata baada ya kumzika. Nisamehe.

Baba yako

Kariobangi, 13 Aprili 2025

Mukai,

Natumai u mzima, maana hujanijibu. Sikulazimishi.

Jana niliucheza ule wimbo pale kibandani ninapotengenezea redio. Mama Teresiah, jirani anayeuza mboga, akaacha wateja akaja. "Fundi, huyo wa nyuma ni nani? Anamshinda mwenye wimbo!"

Zamani ningesema sijui. Nikamwambia, "Ni Kalekye, mke wangu. Mimi ndiye niliyemnyamazisha."

Aliketi kwenye kreti hadi wimbo ukaisha, kisha akaniomba niurudie.

Baba

Doha, 22 Aprili 2025

Baba,

Salama huku. Nilinyamaza kwa hasira, na haijaisha. Kila nikisikiliza nawaza nyimbo ambazo hatukuzipata.

Lakini nipigie Ijumaa, siku yangu ya mapumziko. Weka simu karibu na spika, uucheze. Najua simu itaiharibu sauti. Haidhuru. Nataka kumsikia akiimba kwetu.

Mwanao,
Mukai