Juisi Nilizompa Baba

Nyumbani,
Jumapili, 9 Machi.

Mpendwa Shangazi,

Shikamoo. Natumaini u mzima na goti limepoa. Sisi huku hatujambo, ukiondoa ugonjwa wa Baba unaoujua.

Uliniuliza kwa nini matibabu yake yalisimama, nikakujibu kwamba hospitali ina foleni. Mficha uchi hazai, basi nikuambie: yalisimama kwa sababu yangu.

Alipotoka kupasuliwa utumbo, jirani yetu mshonaji aliniambia saratani ukiinyima chakula inakufa. Nikamwamini. Nikamkataza Baba mayai, maziwa, samaki, hata wali, nikawa namsagia karoti na majani mabichi kutwa mara tatu. Unamjua kaka yako, seremala wa miaka arobaini, hajawahi kubakisha kitu kwenye sahani. Alikunywa kila glasi hadi tone la mwisho. Siku moja tu alisema, "Mwanangu, hata sungura hupumzika."

Wiki ya tano akapanda mizani ya kliniki: kilo saba zimeyeyuka. Daktari akakataa kumtundikia dripu ya dawa ya saratani. "Mwili huu hautaibeba," alisema.

Akatupeleka kwa mama mmoja mtaalamu wa lishe. Nilipomuuliza chanzo cha ugonjwa, alieleza kwamba pombe na nyama za kusindika huongeza hatari ya saratani ya utumbo, ila hakuna awezaye kusema ndizo zilizomwangusha Baba. Na aliye kwenye dawa anahitaji nguvu: mayai yaliyoiva, samaki, maziwa, kidogo kidogo mara sita kwa siku. Mboga na matunda viendelee, ila visichukue nafasi ya chakula. Nilitamani ardhi inimeze.

Sasa amerudisha kilo nne. Jumanne alitundikiwa dripu. Alitapika mara moja, akalala, akaamka akaomba yai.

Hapo ndipo nilipothubutu kumwomba msamaha. Alimaliza kutafuna kwanza. Akasema alijua tangu wiki ya kwanza kwamba juisi zinammaliza, lakini aliona kwamba nikishazisaga, angalau napata usingizi. Kumbe muda wote ule alikuwa akiniuguza mimi.

Msalimie mzee wako, na binamu yangu muuguzi. Mwambie asihangaike kunigombeza, nimeshajigombeza vya kutosha.

Mungu akutunze, akupe siha na miguu ya kukuleta kwetu.

Ni mimi nikupendaye,
Kitindamimba wa kaka yako.