Majina ya Madobi wa Mtaa wa Hastings

Ohio, 4 Machi 1979

Shangazi mpenzi,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute mzima, na goti limepoa baada ya baridi ile. Mimi mzima, ila usingizi umenikimbia.

Kitabu chetu cha madobi nimekitoa kwenye shirika lako la uchapishaji. Juzi mkuu wa idara, Profesa Aldrich, aliniita ofisini. "Verlene, kazi yako nzuri," akasema, "lakini hii Tillery Press ni kitu gani? Chumba kilicho juu ya duka la kinyozi! Kamati haitakihesabu." Mwakani kamati inaamua kama nitaajiriwa kwa kudumu au nitafungishwa virago. Shirika la uchapishaji la chuo kimoja kikubwa cha Mashariki limeukubali muswada.

Najua umeuhariri miaka minne. Nisamehe.

Mpwa wako,
Verlene

Detroit, 9 Machi 1979

Verlene,

Marahaba. Goti niachie mwenyewe.

Kwa hiyo mzungu kakuuliza mimi ni nani, nawe ukaufyata? Ungemwambia ni yule mwanamke aliyechapisha vitabu thelathini na kimoja vya wasomi weusi, ambao mashirika hayo makubwa yaliwarudishia miswada bila kuifunua. Ungemwambia kila muswada hapa husomwa kwanza na wataalamu wawili, na wakisema haufai, haufai, hata ukiwa wa ndugu. Tanbihi zako mia nne nilizikagua moja moja. Makosa kumi na tisa nilikukamatia, hujasahau?

Na wale kina mama madobi wa Mtaa wa Hastings waliogoma mwaka 1938, nani aliyekupeleka kwao? Mimi nilisimama kanisani nikasema, "Huyu mtoto wa kaka yangu, mwambieni yote." Wakakwambia. Walitaka jambo moja tu, majina yao yaandikwe.

Haya, chukua muswada. Majina hayo ukiyapoteza, usinitafute.

Odessa Tillery

Ohio, 20 Novemba 1979

Shangazi,

Shikamoo. U hali gani? Barua zangu tatu hukuzijibu, nami nakubali kwamba nimeyataka mwenyewe.

Afadhali ulisikie kwangu. Mhariri wa huko ameyaondoa majina. Anasema ndio utaratibu wao. Kila mama ameitwa "mtoa habari" na namba yake. Sura ya mazungumzo yao wameikata, eti ni porojo, si taaluma. Nilikataa mara mbili. Mara ya tatu nilitia saini.

Mpwa wako,
Verlene

Detroit, 2 Machi 1980

Verlene,

Kitabu chako kimefika. Karatasi nzuri, jalada zuri.

Jumapili baada ya ibada nilikipeleka ukumbini, kina mama wakiwa kwenye kahawa na pai ya viazi vitamu. Bibi Lula Bascomb ana miaka themanini na minane. Akavaa miwani, akafunua ukurasa baada ya ukurasa kwa kidole kile kilichoungua pasi.

"Odessa, mimi niko wapi humu?"

Nikamsomea: mtoa habari wa nne.

Akacheka kwanza. Kisha akasema, "Bosi naye alikuwa akituita kwa namba. Ila nne alikuwa Pearline. Mimi nilikuwa saba. Hawa hata namba wamekosea."

Hakuna aliyecheka naye. Bibi Pearline alikisukuma kitabu kwa kiganja, kama mtu anayeondoa sahani chafu. Nimewatazama watu hawa machoni miaka arobaini. Siku hiyo nilitazama sakafu. Wewe ndiye uliyenifikisha hapo.

Kanda ulizowarekodia sauti ni zao, na hati za ruhusa walizitia saini kwangu, si kwako. Nazichapisha zote neno kwa neno, majina yao kumi na moja juu ya jalada. Usiniandikie.

Odessa Tillery

Ohio, 14 Mei 1980

Shangazi,

Shikamoo. Umenikataza, naandika.

Nimepewa kazi ya kudumu. Kwenye tafrija Aldrich aliinua glasi: "Mnaona? Mchapishaji wa maana ndiye anayempa msomi jina!" Nikamwambia mbele ya wote, "Jina nimepata mimi. Kina mama kumi na mmoja wamenyang'anywa yao, na niliyetia saini ni mimi." Nikaweka glasi nikatoka. Tangu siku hiyo hanisalimii.

Shirika nimelidai lirudishe majina, likakataa. Basi nimeandika yote katika jarida la wanahistoria, na jinsi nilivyokubali. Nakuletea nakala. Sikuombi unisamehe. Nakuomba kazi. Nitasoma prufu za kitabu chao, zile kurasa za majaribio, na jina langu lisitajwe popote.

Mpwa wako,
Verlene

Detroit, 3 Juni 1980

Verlene,

Marahaba. Jarida nimelisoma. Ulipaswa kuwa na ulimi huo Machi ya mwaka jana, mbele ya Aldrich huyohuyo, ulipokuwa bado na kazi ya kupoteza.

Prufu zimetoka. Kina mama wanataka kusomewa kila mmoja maneno yake, asahihishe kabla sijawasha mtambo. Macho yangu yamechoka, na Bibi Pearline anasema sauti yangu inamlaza. Kwa hiyo utasoma wewe. Ukumbini, Jumamosi, saa nne asubuhi. Watakukatiza, watakutukana, na Bibi Lula ameapa atakuuliza swali moja ambalo hataki kuniambia.

Mimi nitakuwa huku juu ya duka la kinyozi. Usianze kwangu, anza kwao.

Shangazi yako, mwenye hasira bado,
Odessa