Baba, Nimefika Milepa

Baba yangu mpendwa,

Wiki tatu sasa kazi haiendi. Nakaa mezani hapa Katandala, nafungua dodoso, nasoma mstari mmoja, nalifunga. Wenzangu ofisini wanadhani ni uchovu wa safari. Mama peke yake ndiye anayejua, na kumbe yeye alijua kabla yangu.

Nimefika Milepa, Baba, kule bondeni.

Kila mvua za kwanza zilipoanguka ulifunga jembe kwenye baiskeli. "Nakwenda kumsaidia rafiki yangu kulima," ulisema, ukateremka bondeni. Baada ya wiki ulirudi umeungua jua, viganja vimejaa malengelenge. Sisi watoto tulikucheka. Shamba letu huku juu limeota magugu, na wewe unalima la mtu! Mama hakucheka. Alikuchemshia maji ya kuoga.

Nilijua tu kwamba zamani, kabla sijazaliwa, uliendesha lori, ukaacha kwa sababu ya macho. Kwangu ulikuwa fundi baiskeli wa Chanji, uliyenipeleka shule umenishika kifundo cha mkono, si kiganja, mpaka nikalalamika naumia. Hata barabara ikiwa tupu ulisimama, ukatazama huku na huku, ukasikiliza kwanza. Watu wakiniuliza kwa nini msomi wa afya ya jamii nimeng'ang'ania ajali za barabarani badala ya malaria, huwa nawasimulia habari ya kifundo changu. Wanacheka. Nami nacheka.

Ile Jumapili nilipopata kazi ya utafiti, Mama alichinja kuku. Nilikuwa na maneno mengi siku ile. Nilisema, "Dereva aliyeua mtoto ni muuaji tu, hata akilia vipi."

Ukaniuliza polepole, "Na madereva wenyewe, mnawahoji?"

"Wa nini, Baba? Watasema breki zilikataa. Wote husema hivyo."

Ulinawa mikono ukatoka nje, paja la kuku umeliacha. Nilidhani ni vidonda vyako vya tumbo.

Sasa sikia yaliyonipata. Tunahoji familia zilizopoteza watu kwenye ule mteremko wa kushuka bondeni, hata kama ni miaka mingi iliyopita. Mwenyekiti wa kitongoji alinipeleka kwa mama mmoja mtu mzima, wote wanamwita Mama Piusi. Tulimkuta anaanua mpunga. Nikamwamkia shikamoo, akanipa kigoda, nikaanza maswali. Nani alifariki? Mwanawe Piusi, mwenye miaka saba, akitoka kisimani na wenzake. Kilichomgonga? Lori la mahindi, breki zilikatika likishuka. Dereva alikimbia?

"Hakukimbia," alisema. "Watu walimwambia kimbia, watakuua. Yeye akaja kumbeba mtoto, akakaa naye chini, damu yote kwenye shati lake. Polisi walimkuta hapo hapo."

"Baada ya hapo mliwahi kumwona?"

"Kila mwaka anakuja kunilimia. Mwaka wa kwanza nilimfukuza. Wa pili nilimfukuza tena, na mawe juu. Wa tatu nilikuwa mgonjwa, shamba limenishinda, nikamwacha alime." Akatazama mawingu. "Mwaka huu mvua zimeanza na hajaja. Nina wasiwasi naye. Anaitwa Deusi, ni fundi baiskeli huko Sumbawanga. Labda unamfahamu?"

Kalamu ilinidondoka, Baba. Kwenye dodoso langu kulikuwa na kisanduku kilichoandikwa "uzembe wa dereva", na tayari nilikuwa nimekitia alama kabla hajamaliza kueleza. Ndiyo mazoea yangu ya miaka yote.

Ningeweza kuaga nikaondoka. Nilifikiria hivyo, sikufichi. Lakini yule mama alikuwa akinisubiri nimjibu.

Nikamwambia, "Mama, Deusi ni baba yangu. Alifariki miezi saba iliyopita. Sikujua habari hii mpaka dakika hii."

Aliuweka ungo chini. Kisha akasema, "Nilikuwa nayatazama hayo masikio yako tangu ulipoketi." Ndipo akajifunika uso kwa kitenge, akalia kwa sauti, mwenyekiti akaja mbio kutoka nyuma ya nyumba akidhani nimemtukana.

Mahojiano yale sikuyamaliza. Nilimweleza mkuu wangu wa utafiti kila kitu, akamtuma mwenzangu mwingine, maana mtoto wa dereva hawezi kuandika habari za dereva.

Nilipofika nyumbani nilimwuliza Mama hata kabla ya kuvua viatu. Akakaa kitandani. "Aliniambia yote," alisema. "Tajiri wa lori alijua breki mbovu. Baba yako alimweleza asubuhi ile, akajibiwa kama hataki yuko mwingine wa kushika usukani. Akaondoka nalo. Siku zote alisema, ningelikataa. Hakusema breki, alisema ningelikataa."

"Kwa nini hamkuniambia?"

"Alikataza wewe usiambiwe. Alisema ukijua utawahurumia madereva, na mtoto aliyekufa hafai kuhurumiwa nusu."

Nimekasirika, halafu hasira inanipotea nikikumbuka sahani yako ya siku ile. Nimepitisha miaka nikihesabu waliokufa, na aliyebaki hai na mzigo alikuwa akila meza moja na mimi. Nimeomba tuwahoji madereva pia, na wenye malori. Mkuu wangu amekubali. Kile kisanduku hatujakifuta, kwa sababu uzembe upo. Tumeongeza swali: nani alijua kabla gari halijaondoka?

Jumamosi iliyopita Mama Piusi alipanda huku juu. Alikuwa anatetemeka kwa baridi yetu, Mama akamvisha sweta lake. Walishikana mikono mlangoni, wanawake wawili ambao kwa miaka yote walijuana kwa kusimuliwa tu. Kisha tukaenda kaburini kwako.

Nilitegemea atasali. Hakusali. Alipiga magoti, akaondoa majani makavu, akaongea nawe kama mtu aongeavyo na jirani ng'ambo ya ua.

"Deusi, shamba limelimwa, usihangaike. Nina neno moja tu. Mtafute Piusi huko uliko. Akikuogopa, mwambie mama yake ndiye amekutuma."

Pumzika, Baba.

Ni mimi binti yako,
Oliva