Nilivyojiona Kwenye Filamu ya Mpwa Wangu

Jumapili, saa kumi na moja jioni. Hapa Chamazi mawingu yamejaa na mvua hainyeshi, joto tupu. Na mie si mtu wa kutishika. Niliwahi kukutana na simba Mikumi, tukatazamana, akapisha yeye.

Leo nimetazamana na mie mwenyewe. Nimeshindwa.

Mpwa wangu Neema ni mwanateolojia, anafundisha wachungaji, tena anatengeneza filamu. Anasema kuna watu hawasikii mahubiri mpaka wayaone. Mwezi uliopita alikuja na kamera kanisani kwetu, akaniambia, "Mjomba, fanya kazi yako kama siku zote, usiniangalie." Kazi yangu ni mzee wa kanisa, napokea watu mlangoni na kuwapa viti. Basi nikajua nyota kapatikana. Mtaa mzima nimeutangazia. Muuza chipsi nilimwambia Ulaya waliniita kuigiza, nikakataa kwa sababu ya baridi.

Leo baada ya ibada Neema na vijana wa kanisa wakafunga shuka jeupe ukutani, madirisha wakayaziba kwa kanga. Nikakaa mbele kabisa.

Nikatokea. Suti ya kijivu, tabasamu mpaka masikioni. Watu makofi! Halafu akaingia Mama Shukuru, muuza mkaa, kandambili miguuni, akakaa kiti cha mbele. Nikajiona pale kwenye shuka nikimshika kiwiko, taratibu, kwa adabu zote, nikimpeleka nje kwenye benchi la juani. Dakika haikupita, akaingia bwana mmoja na funguo za gari mkononi. Nikampa kiti kilekile. Nikakifuta kwanza kwa leso yangu.

Nikakifuta!

Mungu shahidi, sikumbuki kufanya vile. Hilo ndilo linalonitisha. Chumvi zangu zote nilizowahi kutia nazikumbuka moja moja, hili sikumbuki.

Makofi yakakatika. Neema hakunitaja. Aliuliza tu, "Yesu angeingia siku ile, angekaa wapi?"

Mama Shukuru, aliyekaa nyuma yangu, akanigusa bega. "Mzee, mbona umenywea? Suti imekukaa, bwana! Benchi mie nilishalizoea."

Kanisa zima likacheka. Mie nilitamani anitukane.

Nje, Neema akaniambia filamu inakwenda makanisa mengine, kuanzia Kibamba mpaka Kawe. "Ukisema nikate hicho kipande, Mjomba, nakata." Nikamwambia nitamjibu nikifika nyumbani.

Sasa hivi nimemtumia ujumbe: usikate. Nimeuandika mara nne. Mara tatu za kwanza nilikuwa najitetea.

Jumapili ijayo nitasimama mlangoni tena. Mama Shukuru akija, nitamnyooshea mkono kumpeleka mbele.

Atakubali nimshike kiwiko kile?