Kaseti Yenye Rekodi ya Baba

Chang'ombe, Dodoma
12 Novemba 2001

Kaka Ernest,

Shikamoo. Kama huko kiwanda cha sukari Mtibwa bado mnadhani mtu mkubwa Dodoma ni mbunge, mmechelewa. Siku hizi ni mimi, mdogo wako wa darasa la saba, mwokoaji wa gemu za kale. Mimi mzima, Mama mzima, anauliza kama huko mnakula chakula au mnalamba sukari tu.

Uliponiachia kibanda cha gemu uliniusia jambo moja: nitunze kaseti ya mbio za magari, ile ambayo marehemu Baba aliweka rekodi na jina lake likabaki juu, ili Krismasi uje ujaribu kumpita. Lakini vumbi la hapa unalijua. Kaseti zilianza kugoma moja moja. Unapuliza mpaka mashavu yanauma, kwenye TV zinakuja chenga tu. Na kampuni yenyewe ilishaacha kuzitengeneza.

Ndipo nikampata Tumsifu, karani wa Bunge, anayependa gemu kuliko posho. Ana kidude kinachosoma kaseti na kuhamishia gemu kwenye kompyuta. Zote tumezihamisha, zimepona. Nikamwambia sasa tuzichome kwenye CD, tuuze stendi, tununue gari. Akasema sheria ya hakimiliki ipo, na gemu ni mali ya aliyeitunga hata kama dukani haipo tena. Tuweke nakala ya akiba na tuiandikie kampuni kuomba ruhusa. Nikamuuliza mwenye mali atajuaje kama kuna Chang'ombe duniani. Akajibu ndiyo maana tunamwandikia. Barua imekwenda. Anwani niliandika mimi, na mwandiko wangu unaujua, kwa hiyo waombee watu wa posta.

Wasalimie wote hapo kambini, na mwambie Elieza koti lake bado ninalo, linanipendeza kuliko yeye.

Sasa kaka, kaa kwanza. Kabla sijamjua Tumsifu, kaseti ya Baba iligoma. Nikaifungua, nikakuta kibetri kidogo kama kifungo cha shati. Nikasema kimechoka. Nikakibandua, nikakianika juu ya bati siku nzima, kama tunavyofanya betri za redio, nikakirudisha. Gemu ikawaka safi, nikajisifu mtaa mzima. Baadaye Tumsifu akanieleza kwamba kibetri kile ndicho kilichokuwa kimeshikilia rekodi.

Gemu ipo, kaka. Jina la Baba halipo. Mama sijamwambia. Tangu hapo sijamruhusu mtu yeyote aicheze, hata mimi mwenyewe, maana sitaki jina jingine likae pale kabla hujaja.

Ni mimi mdogo wako,
Yotham