Kipande Chekundu cha Lavinia

Jumamosi, 1 Septemba 1855

Lavinia kapewa kipande cha bendera. Lavinia!

Kaja asubuhi nikiwa nimepiga magoti mlangoni nasugua ngazi. Hata salamu hakuna. "Dada, acha hizo ngazi, njoo uone!" Ngazi zangu ni za mbao, nazipaka chokaa kila masika zing'ae kama za wenzangu. Za kwake marumaru. Na anajua kwamba najua.

Akaketi sebuleni, akafungua kikasha chenye mahameli. Ndani kitambaa cha sufu, chekundu kilichopauka, upana wa kiganja. Pembeni kina tundu. "La risasi hilo, dada." La nondo, nikasema moyoni.

Ni ile bendera yenyewe. Kubwa, ya ngomeni, ambayo Waingereza mwaka wa 1814 waliipigia mabomu usiku kucha kwenye mvua, na kulipokucha ikaonekana ingali juu, hata ukatungwa ule wimbo unaoimbwa sasa nchi nzima. Familia ya kamanda ndiyo inayoitunza. Mtetezi Mzee — ndivyo wanavyoitwa waliopigana siku zile — akifa, mama mwenye nyumba hiyo humkatia kipande azikwe nacho, au humpa mjane wake. Lavinia ni mjane tangu Machi. Ambrose kashazikwa, basi kipande kimebaki mikononi mwa mdogo wangu.

Ambrose! Aliyetimua mbio vitani kule North Point kabla moshi haujatanda, akaingia mjini na kiatu kimoja! Watoto walimwimbia mpaka akaota mvi. Na Jotham, mume wangu, aliyekuwa ndani ya ngome ileile, anabeba baruti na mabomu yanamlilia kichwani — huyo yuko juu kitandani anakohoa damu. Hana hata uzi.

Kweli, penye miti hapana wajenzi.

Lavinia alikaa sana. Kikasha wazi mapajani, ananitazama, kama anangoja nimsifu. Sikumsifu. Nilimwambia ngazi zinanikaukia. Akaondoka.

Nilipopanda juu Jotham keshasikia yote, mbao za sakafu hii haziwezi siri. "Ni chenyewe kweli?" kauliza. Macho yake! Sijayaona yakiwaka hivyo tangu Juni. Daktari alishaniambia, majani yakianza kudondoka nijiandae. Jotham hajaomba kitu. Ila anasema akipata kipande cha kushika, kaburi halimsumbui.

Jumatatu, 3 Septemba

Nimekwenda mwenyewe kwenye nyumba ya bendera. Nimevaa kofia nzuri, ile nyeusi. Mama mwenyewe hayupo, kaenda milimani kukimbia joto, harudi mpaka Oktoba. Mtumishi wa pale mtu mzima, mpole. Kasema hata akirudi nisitumaini sana. "Kila siku watu mlangoni, bibi. Tukizidi kukata itabaki kamba ya kupandishia."

Nikamweleza habari za Jotham. Akasikitika kweli kweli. Afadhali angenifukuza.

Jotham alijua kwa kuniangalia tu. Kasema: "Si umwombe mdogo wako? Nusu tu. Yeye mtu mwema."

"Nimwombe Lavinia? Heri nitafune mkaa!"

"Rosanna wewe. Tangu wanasesere mpaka leo."

Nikaubamiza mlango. Akaanza kukohoa, nikarudi kumfuta. Lakini tangu wanasesere, ndiyo! Nani alipewa yule mwenye uso wa kauri? Nani alipewa chumba chenye dirisha la barabarani? Mimi ndiye mkubwa, nikaambiwa mwachie mwenzio, bado mdogo. Miaka sitini bado mdogo. Wahenga walisema mpewa hapokonyeki. Wahenga hawakuwa na mdogo kama Lavinia.

Jumatano, 5 Septemba

Chai kwa Lavinia. Nilikwenda kwa sababu nisingekwenda wangesema nina kijicho.

Ninacho. Basi.

Wanawake wa kanisani wote wamejipanga, mabega kwa mabega. Nyama ya nguruwe iliyokaushwa kwa moshi, biskuti za unga wa kupondwa, chaza wa kwanza wa msimu. Kikasha kiko juu ya piano, kando yake mshumaa — mshumaa, mchana kweupe! Na Lavinia anasimulia. Jinsi Ambrose alivyosimama imara. Jinsi alivyokuwa akiitaja bendera usingizini. Alichokitaja usingizini Ambrose ni kiatu. Nikauma biskuti nisiseme.

Wakaimba ule wimbo. Bi Sophronia Yoe akalia, kisha akanigeukia, kamasi bado zinamtoka: "Na mume wako, Bi Rosanna, naye alikuwepo?"

Kabla sijafumbua mdomo Lavinia kanijibia. "Shemeji alikuwa ngomeni. Alibeba mapipa."

Mapipa! Utadhani alikuwa mchukuzi wa bia! Mapipa ya baruti, Lavinia, baruti! Cheche moja tu wangemwokota kwa kijiko!

Nimerudi kwa miguu, mkono kwenye kifua. Roho inaniuma mpaka nasikia ladha yake mdomoni. Sijui kama nakitaka kile kipande kwa ajili ya Jotham au nataka tu Lavinia asiwe nacho. Nimeandika. Sifuti.

Alhamisi, 6 Septemba

Nimefungua sanduku la chini ya kitanda. Lile gaguro langu jekundu la sufu, la kuvaa ndani ya gauni, bado lipo. Jotham alininunulia majira yetu ya baridi ya kwanza, na wiki ileile kaa la kiko chake likadondoka mapajani pangu. Akanirukia kuuzima moto kwa mikono, akaangusha meza, akaangusha na mimi. Tulicheka mpaka jirani akagonga ukuta. Tundu likabaki. Sikulitia kiraka.

Nimekata pale pale penye tundu. Upana wa kiganja.

Nimekichemsha kipande na magadi ya majivu, nikakianika juu ya paa la kibanda. Mpaka jioni kimepauka, ila bado chekundu mno. Kesho nakirudia. Jotham kauliza harufu ya nini. Nimemwambia nafua.

Jumapili, 9 Septemba

Tayari.

Baada ya ibada nilikwenda kwake kumjulia hali — mimi! Akafurahi, maskini, akakimbilia jikoni kupasha kahawa. Nikasimama mbele ya piano. Chake kikaingia kifuani mwangu, changu kikalala kwenye mahameli. Kinafanana! Mpaka mimi mwenyewe nilibabaika kidogo.

Akarudi na trei. "Dada, leo umependeza, una rangi usoni." Nikanywa vikombe viwili.

Njiani nilitaka kucheka. Nilitaka kumsimamisha kila mtu wa mtaa huu nimwambie, piga saluti, mama anapita!

Jumatatu, 10 Septemba

Nimwambieje Jotham? Sikufikiria hilo. Nikimwambia nimepewa na Lavinia atataka amshukuru. Nikimwambia ukweli atanirudisha nacho kwa miguu yangu. Huyu mtu aliwahi kurudi sokoni na homa kurudisha chenji iliyozidi.

Basi ni siku ile ile. Akishafumba macho nitamwekea mkononi mwenyewe, nitafunga vidole vyake, nani atajua. Lakini yeye alitaka kukishika akiwa hai. Nimekaa kando ya kitanda na kipande kiko hapa, nyuma ya vifungo, na yeye ananiambia, "Usijali, mke wangu, kitambaa tu."

Kinawasha. Sufu ya zamani ina ukali.

Jumatano, 12 Septemba

Siku ya Watetezi. Mwaka wa kwanza Jotham hajaandamana. Nimemvika koti na kofia yenye kitambaa cheusi, nikamkalisha dirishani na mito. Wazee wenzake walipofika chini ya dirisha, mzee Tobias Frush akapiga kelele, "Jotham! Umetegea!" Na yeye kwa sauti iliyobaki: "Nakutangulia, Tobias! Nakuwekea kiti!" Wakavua kofia wote. Bendi ikapiga ule wimbo. Jotham akawa anaimba kwa midomo tu.

Halafu gari la wajane. Lavinia mbele, kikasha wazi mikononi, kakiinua. Umati ukalipuka! Wanaume wakavua kofia. Baba mmoja kamnyanyua mwanawe begani aone. Mji mzima wa Baltimore unalishangilia gaguro langu!

Nilicheka mpaka nikashika pazia. Jotham kauliza kuna nini. Nikasema hakuna. Kisha nikamwona anavyokifuata kile kikasha kwa macho, mpaka gari limekata kona, na bado anatazama kona. Kicheko kikanikauka.

Lavinia hakuwa anatabasamu. Nimelikumbuka hilo sasa hivi, naandika.

Alhamisi, 13 Septemba

Mchana. Naandika kwenye kiti cha kando ya kitanda.

Lavinia kaja saa nne asubuhi. Hakubisha. Macho mekundu, kikasha chini ya kwapa, akapita moja kwa moja hadi juu, nami nyuma yake namwita, Lavinia, ngoja, kalala huyo — nilijua keshagundua. Nilijua! Nikashika vifungo vya gauni kama mwizi aliyeshikwa. Ndivyo nilivyo.

Akasimama pale penye miguu ya kitanda. "Shemeji," kasema, "jana watu walinishangilia mpaka nikatamani ardhi ipasuke. Kwa ajili ya Ambrose! Nilimpenda Ambrose, lakini sote tunamjua Ambrose." Jotham akataka kusema, akamzuia. "Hiki si changu. Wa kushika hiki ni wewe."

Kisha akanigeukia mimi. Hakuwa na hasira, bora angekuwa nayo. "Dada, kwa nini hukuniomba? Siku ile nilikuleteeni kwanza ninyi. Nilikaa pale chini na kikasha wazi, nangoja useme neno moja tu. Nikaogopa kukupa mwenyewe — utasema najionyesha. Kila nikikupa kitu unasema najionyesha."

Nikazidi kuvibana vifungo.

Akakitoa, akakiweka kiganjani mwa Jotham.

Jotham akakisogeza kwenye mwanga wa dirisha. Akakigeuza. Akakipapasa kwa dole gumba polepole, mpaka lilipofika kwenye tundu. Likasimama. Akaingiza ncha ya kidole, ikatokeza upande wa pili. Akaitazama. Kisha akanitazama mimi.

Mungu wangu, alivyonitazama.

Halafu kaanza kucheka. Kicheko kile cha zamani, cha kugongewa ukuta na jirani, mpaka kikohozi kikamkata na nikamshika mgongo. "Tundu hili nalijua," kasema. "Nilikuwepo lilipotoboka."

Lavinia akaangua kilio. "Unasikia, dada! Alikuwepo!"

"Nizikwe na hiki, Rosanna." Kashika mkono wangu, kaubana. Kwa nguvu, sijui kaitoa wapi. "Hiki hiki. Usije ukakibadilisha."

Sasa kalala. Ngumi imefungwa, ncha nyekundu inachungulia kati ya vidole. Pumzi inakwenda, inasimama, inakwenda tena. Kile kingine, cha bendera yenyewe, kiko hapa kifuani, kinaniwasha mpaka ngozi imechubuka. Sijui nikipeleke wapi. Nimrudishie kwa maneno gani? Nikae nacho kwa uso gani?

Lavinia yuko jikoni kwangu, kajifunga aproni yangu, anampikia Jotham mchuzi wa chaza na anaimba ule wimbo, na zile sauti za juu hazifikii, hajawahi kuzifikia tangu utotoni. Ngazi za mbele kazisugua yeye. Nimeona nilipochungulia. Kapiga magoti na gauni lake la kanisani.

Ananiita. "Dada! Chumvi unaweka wapi?"

Nimemjibu nakuja. Sijainuka.