Midomo ya Neusa

Nzuguni, Jumanne

Kumbe Neusa alishafariki tangu mwaka jana, na hakuna aliyeniambia.

Miaka mitatu nimekuwa nikimwingizia sauti ya Kiswahili yule mama wa Brazili kwenye tamthilia. Kwao alianzia jukwaani, akacheza filamu chache, na siku zote walimpa nafasi za shangazi au mpishi. Najua hata anavyovuta pumzi kabla ya kusema uongo.

Leo studio nilimwuliza fundi, "Mbona kipande hiki hana sauti kabisa?"

"Walirekodi nje, upepo ukaiharibu, dada. Akafariki kabla hajarudia maneno yake. Wewe soma tu."

Nikasoma. Midomo yake ilikuwa inacheza pale kwenye kioo cha runinga, na maneno yalitoka kwangu. Hakuna mtu mwingine duniani atakayemsemea pale. Tulirudia mara nne.

Nyumbani nilimwamkia mama, ambaye macho yake hayaoni tena na hunijua kwa sauti tu. "Shikamoo, mama."

Akageuza kichwa. "Wewe nani?"

Nilimtajia jina langu. Alichelewa sana kuitikia marahaba.